Ripoti Iko kwa Skrini Lakini Haitoki: Faili Ndogo za Zamani Zinazogusa Pesa Zako

Tarehe tano ndiyo mwisho wa kulipa kodi ya nyumba kwa watu wengi. Tarehe sita ni siku ya ajenti kukaa chini aangalie nani amelipa na nani bado. Ilikuwa tarehe sita kama hiyo ajenti mmoja wa Nakuru alipopigia simu dawati letu la huduma, na sauti yake haikuwa ya mtu mwenye raha.

Mama huyu anasimamia nyumba 143 kwa niaba ya wenye ploti watatu. Wapangaji wote hulipa kwa namba yake ya Paybill, na kwenye sehemu ya akaunti huandika namba ya nyumba. Kila mwezi anachukua stetimenti kutoka kwetu, anachukua orodha ya wapangaji kutoka kwa programu iliyo kwenye kompyuta yake, anaweka zote mbili kwenye Excel na kuzilinganisha. Ni kazi ya saa moja hivi. Ambaye haonekani kwenye malipo anaandikiwa notisi.

"Kijana wangu, stetimenti yenu imefika vizuri," alimwambia mwenzetu aliyepokea simu. "Shida ni hii programu yangu. Wapangaji nawaona wote hapa kwa skrini. Nikibonyeza orodha iende Excel, inasema kuna faili imekosekana. Sasa nitalinganisha nini na nini?"

Programu hiyo si yetu. Mwenzetu angeweza kumwambia "pole mama, hiyo ni kazi ya fundi" na simu ingeishia hapo. Lakini mama akaongeza jambo lililomfanya mwenzetu akae wima: faili yenyewe alikuwa ameipata kwenye mtandao, bure, na ilikuwa inashuka hivi sasa wakiongea. Inashuka kwenye kompyuta ile ile anayotumia kuingia akaunti yake ya biashara.

"Mama, simamisha hiyo kwanza. Tafadhali."

Tumeona si vibaya kuieleza hadithi hii hapa, kwa sababu kuna ofisi nyingi za shule, SACCO, duka la dawa na hadiwea ambazo pesa zake ziko kwenye simu lakini vitabu vyake bado viko kwenye programu ya miaka ishirini iliyopita. Katikati ya hizo mbili kuna daraja dogo la faili ambazo hakuna anayezifikiria hadi siku zinapopotea.

Faili iliyopotea ni gani hasa?

Programu ya mama iliandikwa na fundi mmoja mwaka 2003, kwa kutumia Visual Basic 6, chombo cha Microsoft kilichotoka mwaka 1998. Wakati huo mafundi wengi waliokuwa wakitengeneza programu za ofisi hawakuandika wenyewe sehemu ya kutoa ripoti. Waliazima injini ya ripoti iliyokwisha tengenezwa, na iliyojulikana zaidi ni Crystal Reports. Ilianzia Canada miaka ya 1980, na katika miaka ya 1990 Microsoft wakawa wanaiweka pamoja na Visual Basic kwenye paketi moja. Imepita mikononi mwa kampuni kadhaa tangu hapo: Seagate, halafu Crystal Decisions, halafu Business Objects mwaka 2003, na leo ni mali ya SAP ya Ujerumani. Bado iko sokoni. Tofauti ni kwamba matoleo ya zamani, yale yaliyo ndani ya programu kama ya mama, hayajaguswa na mtu kwa miaka.

Sasa ukibonyeza kitufe cha kutoa ripoti, kinachofanyika ni hiki. Programu yenyewe inawajua wapangaji, lakini haijui faili ya Excel inatengenezwaje. Inaita injini ya ripoti. Injini nayo inajua kupanga ripoti kwenye skrini, lakini faili ya Excel pia haiijui. Inatafuta faili ndogo ya maktaba, jina lake likiishia .dll, ambayo kazi yake ni hiyo moja tu. Kwenye Crystal Reports za zamani hizo faili zilikuja kwa makundi mawili. Zilizoanza na u2f zilishughulika na umbo la ripoti: u2fxls.dll kwa Excel, u2frtf.dll kwa hati ya maandishi, u2fsepv.dll kwa safu zinazotenganishwa na alama kama mkato, hata u2fwks.dll kwa Lotus 1-2-3, kama kuna anayeikumbuka. Zilizoanza na u2d zilishughulika na mahali ripoti inapokwenda: u2ddisk.dll iliiandika kwenye diski, u2dmapi.dll iliituma kwa barua pepe. Kwa hiyo ili orodha ya wapangaji iwe faili ya Excel kwenye kompyuta ya mama, zilihitajika angalau mbili, moja ya umbo na moja ya mahali. Ikikosekana yoyote, ripoti itaonekana vizuri kabisa kwenye skrini lakini haitatoka.

Na zilipoteaje? Hapo mwenzetu aliuliza swali moja tu: "Mama, hiyo kompyuta imetengenezwa juzi?"

Kumbe ndiyo. Diski ya zamani ilianza kulia, fundi wa mtaani akaweka diski mpya na Windows mpya, kisha akanakili folda ya programu kutoka diski ya zamani hadi mpya. Programu ikafunguka, wapangaji wakaonekana, fundi akalipwa akaenda. Tatizo ni kwamba faili za kutoa ripoti hazikuwa zikikaa ndani ya folda ya programu. Matoleo mengi ya wakati huo yaliziweka ndani ya folda ya Windows, kwenye folda ndogo iliyoitwa Crystal. Folda ya Windows ya zamani hakuna aliyeinakili, na fundi hawezi kulaumiwa sana, kwani nani angejua?

Kuna mtego mwingine hapo ambao hata mafundi wazoefu huwakwama. Programu za zamani ni za biti 32, na kompyuta nyingi za sasa zina Windows ya biti 64. Programu ya biti 32 haiwezi kutumia DLL ya biti 64, hata majina yakifanana herufi kwa herufi. Na ndani ya Windows ya biti 64, folda iitwayo System32 ndiyo hukaa faili za biti 64, halafu zile za biti 32 hukaa kwenye folda iitwayo SysWOW64. Ndiyo, umesoma sawa, majina yako kinyume. Waliopanga hivyo walikuwa na sababu zao za kiufundi, lakini fundi wako akipotea hapo, muonee huruma kidogo.

Kwa nini usiipakue tu

Ukiandika jina la DLL iliyokosekana kwenye mtandao utapata tovuti nyingi zinazokupa bure. Nyingine zina hata kitufe kikubwa cha kijani. Mama aliona ni sawa na kununua spea ya gari: imevunjika, nanunua nyingine yenye jina hilo hilo, naendelea na safari.

Lakini DLL ni programu. Ukiiweka mahali pake, siku inayofuata utakapobonyeza kutoa ripoti, programu yako itaifungua na kutekeleza chochote kilicho ndani yake, kwa ruhusa zile zile ulizonazo wewe. Ikiwa ndani kuna kazi ya kuandika faili ya Excel, sawa. Ikiwa aliyeitengeneza ameongeza kazi ya kurekodi kila unachochapa, pia itafanya, na pengine faili ya Excel itatoka vizuri tu bila wewe kushuku kitu. Jina la faili halithibitishi lolote, maana mtu yeyote anaweza kuita faili yake u2fxls.dll kwa sekunde tano.

Na kompyuta ya mama, kama za wafanyabiashara wengi wadogo, ni moja kwa kazi zote. Hapo ndipo anapofungulia akaunti yake ya biashara, anaporudishia wapangaji amana, anapolipa mlinzi na mtu wa maji. Anayesoma unachochapa hapo hahitaji kukuibia simu.

Hali ni hiyo hiyo kwa faili iliyotumwa kwenye WhatsApp na "mtu anayejua kompyuta", au iliyoletwa kwa flashi kutoka saiba. Pia kwa yule fundi wa mtandaoni anayekuambia ufungue programu ya kumwachia skrini yako ili akusaidie kwa mbali. Akiwa ndani, anaona unachoona. Na kwa vile tuko hapo, turudie: mfanyakazi wetu hatakuuliza PIN yako kamwe, hata kama anakusaidia na jambo la kompyuta.

Ikiwa ulishaipakua na kuiweka, usiogope hadi ukaganda. Toa kompyuta kwenye mtandao. Badilisha neno la siri la akaunti ya biashara kwa kutumia kifaa kingine, maana ukilibadilisha kwenye kompyuta hiyo hiyo unaweza kuwa unampa mwizi lile jipya. Tupigie tuangalie kama kuna mtu ameingia. Kisha ndipo fundi unayemwamini aisafishe.

Njia zilizo salama

Njia iliyo bora ni ya kuchosha: kurudi kwenye CD au faili ya kwanza ya kusakinisha programu. Ile ya kusakinisha ndiyo inayojua faili zote ndogo zinakwenda wapi, na inaziandikisha kwa Windows inavyotakiwa. Kunakili folda pekee hakutoshi. Kabla ya kufanya hivyo, nakili kwanza faili ya data mahali salama. Kwenye programu nyingi za enzi hiyo ni faili moja ya Access ambayo jina lake linaishia .mdb. Ukisakinisha juu yake bila kunakili, unaweza kujikuta na programu mpya isiyo na mpangaji hata mmoja.

Aliyeandika programu kama bado yupo, mtafute. Mara nyingi CD anayo. Na kama diski ya zamani bado inafunguka, usiitupe wala kumwachia fundi kama shukrani. Faili zako halisi bado ziko humo.

Lakini mama alikuwa na kazi ya siku hiyo hiyo. Kwa dharura kuna ujanja mmoja ambao hauhitaji DLL yoyote ya kutoa ripoti: kuchapisha. Injini ya ripoti ikiweza kuonyesha ripoti kwenye skrini, kwa kawaida inaweza pia kuipeleka kwa printa. Windows 10 na 11 zina printa isiyo na karatasi iitwayo Microsoft Print to PDF. Ukiichagua, ripoti inakuwa faili ya PDF. Windows pia ina printa iitwayo Generic / Text Only, ambayo ikielekezwa kwenye faili hukupa maandishi matupu, yanayoweza kukatwakatwa kuwa safu kwa subira kidogo. PDF ni nzuri kwa macho, lakini Excel haitaijumlisha. Mama alichagua PDF, akaichapisha kwa karatasi na kuchukua kalamu.

Kuna ambao huamua kuiacha kompyuta ya zamani iendelee na programu ya zamani. Si wazo baya, mradi isiwe kwenye mtandao. Microsoft waliacha kuirekebisha Windows XP tarehe 8 Aprili 2014, Windows 7 tarehe 14 Januari 2020, na Windows 10 ikafika mwisho wake wa kawaida tarehe 14 Oktoba 2025. Acha hiyo itoe ripoti, zihamishe kwa flashi yako mwenyewe, na akaunti ya pesa uifungulie kwenye kifaa kingine.

Ikitoka, bado hujamaliza

Tuseme sasa kitufe kinafanya kazi na faili imetoka. Hapa ndipo tunapopokea malalamiko mengi zaidi, na mara nyingi hakuna DLL iliyopotea wala mwizi. Ni Excel ikijaribu kukusaidia.

Stetimenti ya CSV ni maandishi tu, yaliyotenganishwa kwa mkato. Ukiibonyeza mara mbili, Excel inafunguka na kuanza kubashiri kila kitu ni nini. Namba ya simu inayoanza na 07 inaonekana kama hesabu, na hesabu haianzi na sufuri, kwa hiyo sufuri inaondolewa. Nyumba namba 007 inakuwa 7. Nyumba namba 5-2 inakuwa tarehe 5 Februari. Nyumba 2E4 inakuwa elfu ishirini, kwa sababu E katikati ya tarakimu ni njia ya wanasayansi ya kuandika namba kubwa. Si sisi pekee tunaoteseka. Mwaka 2020 kamati ya kimataifa inayosimamia majina ya jeni za binadamu iliamua kubadilisha majina kama MARCH1 na SEPT1 yawe MARCHF1 na SEPTIN1, kwa kuwa Excel ilikuwa inayageuza tarehe za Machi na Septemba kwenye kazi za watafiti. Wanasayansi waliona ni rahisi kubadilisha jina la jeni kuliko kubishana na Excel.

Inayoumiza zaidi ni namba ya simu iliyoandikwa kwa 254. Hiyo ina tarakimu 12, na Excel ikiona tarakimu 12 au zaidi kwenye kisanduku cha kawaida huifupisha na kuionyesha hivi: 2.54712E+11. Ukiiacha kwenye Excel, namba kamili bado iko chini yake. Lakini ukiihifadhi tena kama CSV, kinachoandikwa ni kile kinachoonekana. Tarakimu sita za mwisho zimekwenda, na hakuna kitufe cha kuzirudisha. Wateja wako wengi ambao namba zao zinaanza kwa kufanana watakuwa wote wamegeuka 2.54712E+11.

Sasa fikiria faili hiyo ndiyo unayoipakia kwa malipo ya wengi, ya mishahara au ya kurudisha amana. Mfumo ukiikataa, shukuru. Hatari ni pale mtu "anaporekebisha" kwa kubadilisha muonekano wa safu iwe namba kamili, anapata 254712 ikifuatwa na sufuri sita, anaona ina urefu unaotakiwa, anatuma. Ndiyo maana tunasisitiza usome jina la mpokeaji kabla ya kuidhinisha, hata kama faili ina watu 200 na umechoka.

Dawa yake ni kutofungua CSV kwa kubonyeza mara mbili. Fungua Excel ikiwa tupu, nenda Data, kisha From Text/CSV, chagua faili, na kabla ya kuiingiza iambie kwamba safu ya simu na safu ya namba ya akaunti ni Text. Ni dakika moja zaidi. Na faili asili uliyopakua kutoka kwetu usiifanyie kazi kabisa. Iache kama ilivyo, fanyia kazi nakala.

Mkato nao una mambo yake. Baadhi ya programu za zamani huandika kiasi kama 1,250.00 bila kukizungushia alama za mtajo, na programu inayopokea inaona 1 kwenye safu moja na 250.00 kwenye nyingine. Kanuni za CSV ziliandikwa rasmi mwaka 2005, kwenye hati ya mtandao iitwayo RFC 4180, na maktaba nyingi za kutoa ripoti ni za kabla ya hapo. Kila moja ilifanya ilivyoona inafaa. Ukiona safu zimesogea kulia kuanzia mistari yenye pesa nyingi, tatizo ni hilo. Tarehe pia: 03/04 ni tarehe tatu Aprili kwetu, lakini kompyuta iliyopangwa kwa mtindo wa Marekani inasoma tarehe nne Machi, na haitakuambia.

Mistari 65,536

Kuna kosa moja ambalo halionekani kwa macho, na kwa mwenye duka lenye shughuli nyingi ndilo baya kuliko yote. Faili ya Excel ya zamani, ile inayoishia .xls, haiwezi kubeba zaidi ya mistari 65,536. Umbo la Excel 5.0 na 95, ambalo maktaba nyingi za zamani bado hutoa, linaishia mistari 16,384. Ile mpya ya .xlsx inabeba 1,048,576.

Ukiwa na Till inayopokea malipo 900 kwa siku, mistari 65,536 inajaa ndani ya siku 73. Stetimenti ya miezi mitatu haiingii. Mistari 16,384 haifiki hata siku 19. Programu nyingine zitakuambia zimeshindwa. Nyingine zitaandika zinachoweza na kunyamaza, nawe utafunga hesabu za robo mwaka ukidhani mwezi wa mwisho biashara ilikuwa mbaya.

Usifikiri hilo ni la wadogo. Kati ya Septemba na Oktoba 2020, huko Uingereza, matokeo ya vipimo vya Covid yalikuwa yanatoka maabara yakiwa CSV na kuingizwa kwenye faili za .xls. Mistari ikajaa. Wagonjwa 15,841 hawakuingia kwenye hesabu kwa siku kadhaa, na watu waliokuwa wamekaribiana nao hawakutafutwa kwa wakati.

Kinga yake ni hesabu ya darasa la tatu. Kabla ya kuamini faili yoyote iliyohama kutoka mfumo mmoja hadi mwingine, angalia idadi ya mistari, tarehe ya kwanza na ya mwisho, kisha salio. Salio la kuanzia, jumlisha zilizoingia, toa zilizotoka pamoja na ada, lazima ipatikane salio la mwisho. Mfano, ulianza na shilingi 84,200, zikaingia 1,716,000, zikatoka 1,650,500. Salio lazima liwe 149,700. Excel ikikupa tofauti hata ya shilingi kumi, kuna mstari umepotea au umesomwa vibaya, na usiendelee hadi uupate.

Kabla kitufe hakijafa

Kama programu yako ya zamani bado inatoa ripoti leo, leo ndiyo siku ya kuzitoa. Sheria ya taratibu za kodi ya 2015 inakutaka utunze kumbukumbu za biashara kwa miaka mitano, na mkaguzi wa hesabu hatafurahishwa na habari za DLL iliyopotea. Toa kila mwaka mara mbili: PDF kwa kusoma, na CSV au maandishi matupu kwa hesabu. Maandishi matupu yatafunguka kwenye kompyuta yoyote, hata zitakazokuja, na hayahitaji maktaba ya mtu.

Orodha hizo zina majina na namba za simu za watu. Chini ya Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019 wewe ndiye unayewajibika nazo. Kwa hiyo ukipeleka kompyuta au flashi kwa fundi, hamisha au funga faili hizo kwa neno la siri kwanza, na usimtumie faili nzima ya wapangaji kwenye WhatsApp ili "aangalie tu shida ni gani". Mtumie mistari mitano uliyoibadilisha majina. Itamtosha.

Mama wa Nakuru alimaliza kulinganisha kwa kalamu jioni ya tarehe saba. Karatasi ya wapangaji mkono wa kushoto, stetimenti ikiwa kwenye Excel mkono wa kulia, imefunguliwa na mpwa wake kwa kubonyeza mara mbili. Nyumba 131 zilikuwa zimelipa, 12 bado. Akachapisha notisi 12.

CD ilipatikana siku mbili baadaye, ndani ya bahasha moja na risiti ya kompyuta ya kwanza. Fundi akasakinisha upya, akarudisha faili ya data, kitufe kikaitika. Safari hii mwenzetu alikuwa kwenye simu, na stetimenti ikaingizwa kwa njia ya Data, safu ya akaunti ikiwa Text.

Waliobaki wakawa 11. Nyumba 3-4 ilikuwa imelipwa tangu tarehe mbili, na kaka yake mpangaji, kutoka Nairobi, kwa hiyo hata jina la mlipaji halikumsaidia mama kuitambua. Kwenye Excel ya mpwa, malipo hayo yalikuwa yameandikwa 3 Aprili. Notisi ya nyumba hiyo ilikuwa bado mezani. Akaichana.